Geuza pindo uone: mwongozo kamili wa kuandika historia ya sanaa na siasa ya Tanga

Vijana wanaosoma historia hunijia na swali lile lile: Tanga sanaa ya upinzani iko wapi? Wamesoma habari za wachoraji wa Ulaya waliotupwa jela, wakazunguka mjini kutafuta jumba la sanaa, wakatoka Chumbageni mpaka Raskazone mikono mitupu, wakaamua kwamba huku kwetu hakuna kitu. Nami huwauliza: sanduku la bibi yenu liko wapi?

Sanaa ya hapa haikutundikwa ukutani. Ilivaliwa, ikaghaniwa barazani, ikaimbwa kwenye arusi, ikachezwa kwa sare na tarumbeta katikati ya barabara. Ukitaka kuiandika kama wanavyoandika wanahistoria wa sanaa na siasa kokote duniani, kazi ni ile ile na ugumu ni ule ule, ila utakaa sana kwenye mkeka kuliko kwenye kiti. Nimeifanya kazi hii kwa muda, nimekosea mara nyingi, na kosa moja kubwa nitalieleza hapa chini bila kujificha.

Kabla ya hatua zenyewe, shika hili: utenzi, wimbo au kanga haiwi ya kisiasa kwa maneno yake tu. Siku ilipotokea na watu walioipokea ndivyo vinavyoipa siasa. Kwa hiyo tafuta tarehe kwanza, wasikilizaji pili, maana mwisho. Karibu kila anayeanza huanzia mwisho.

Hatua ya 1: Chukua kitu kimoja

Usianze na "Sanaa na Ukoloni Mkoani Tanga". Hiyo ni kazi ya miaka kumi na mbili na hutaimaliza. Chukua kitu kimoja unachoweza kukishika au kukisikiliza: kanga moja, utenzi mmoja, wimbo mmoja wa taarabu, picha moja ya kundi la beni, ile ngoma ya tarumbeta, lililovaa sare. Kiandike kwanza kama karani wa forodha anavyoandika mzigo. Ni cha nini, kina ukubwa gani, kimechakaa wapi, kinatoka kwa nani, kilifikaje mkononi mwako. Maana usiiguse bado. Ukurasa mmoja unatosha, na ukurasa huo ndio utakaokuokoa baadaye, maana utayaona mambo uliyoyaandika bila kuyaelewa.

Kama huna kitu, nitakutajia mahali pa kuanzia. Utenzi wa Vita vya Wadachi Kutamalaki Mrima, wa Hemedi bin Abdallah el-Buhriy, ni mtoto wa pwani hii hii. Unasimulia Wajerumani walivyoiteka Mrima, yaani pwani hii inayotazamana na Zanzibar, na ulitungwa na mtu aliyekuwa hai mambo yakitokea. Ulichapwa katika miaka ya 1950 chini ya uhariri wa J.W.T. Allen. Kwa anayejifunza, sijui kazi nyingine ya pwani yenye mafunzo mengi kwa mpigo mmoja, na nitaurudia mara kwa mara.

Hatua ya 2: Ipe tarehe kabla ya kuipa maana

Hapa ndipo nilipoanguka, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Shangazi yangu mmoja wa Ngamiani ana kanga ya zamani, kipande kimoja tu, kile kingine kiliishia kuwa mbeleko za wajukuu. Mji wa kanga ile, yaani sehemu yake ya kati, una rangi ya kijani na nyeusi, na jina lake ni "Subira yavuta heri". Nilipoiona nikaruka. Kijani na nyeusi, rangi za TANU! Na subira gani hiyo kama si ya kungoja uhuru? Nikaandika kurasa nne. Nikaeleza uchaguzi wa kura tatu wa 1958, kila mpiga kura akitakiwa kuchagua Mzungu, Mwasia na Mwafrika, nikaeleza wanawake walivyosema kwa nguo yale waliyokatazwa kusema kwa mdomo. Kurasa tamu. Nikampelekea binti wa shangazi azisome, naye hakusema neno. Alichukua kanga, akaligeuza pindo, akanionyesha kwa kidole chapa ndogo iliyofifia: Urafiki.

Kiwanda cha Urafiki cha Dar es Salaam, kilichojengwa kwa msaada wa China, kilianza kazi 1968. Kanga yangu ya kudai uhuru ilikuwa imechapwa miaka saba au zaidi baada ya uhuru kupatikana.

Tangu siku ile nina orodha ya vitu vya kutazama kabla sijafungua mdomo. Ninakupa ile ninayoiamini.

Kwenye kanga, soma pindo lote, pande zote nne. Chapa ya kiwanda au ya mfanyabiashara hukaa huko, kama ile K.H.E. – Mali ya Abdulla ya Mombasa inayojulikana pwani nzima. Tazama na maandishi ya jina: kanga za zamani zilikuwa na jina kwa herufi za Kiarabu, hizi za Kirumi zilifuata.

Kwenye shairi na wimbo, sikiliza maneno yenye umri. Neno "hela" limetokana na sarafu ya Wajerumani, na wao walianza kutumia hela mia kwa rupia moja mwaka 1904. Shairi lenye hela ndani yake halikutungwa kabla ya hapo, au kama lilitungwa, mnakili ameingiza neno lake. Shilingi ilikuja na Waingereza mwanzoni mwa miaka ya 1920. Jina Tanzania ni la 1964. CCM ni ya Februari 1977. Kabla ya hapo bara ni TANU, iliyoanza tarehe 7 Julai 1954. Kwenye kanda ya redio, ukiona imeandikwa Radio Tanzania Dar es Salaam, jua ni 1965 au baadaye. Ila kumbuka kwamba alama hizi zinakuambia "si kabla ya" tu. Hela tunaisema hata leo asubuhi sokoni, kwa hiyo haikuambii "si baada ya".

Kwenye miswada, tarehe mara nyingi ni ya Hijria. Njia ya haraka: zidisha mwaka wa Hijria kwa 0.97, kisha jumlisha 622. Utenzi wa Hemedi unabeba mwaka 1307. Hesabu inakupa karibu na 1890, na ukitazama kalenda kamili utaona mwaka ule ulianza mwishoni mwa Agosti 1889 ukaisha katikati ya Agosti 1890. Sasa weka hilo kando ya vita vyenyewe. Fujo za Pangani zilianza Agosti 1888. Abushiri bin Salim, kiongozi wa vita hivyo, alinyongwa Pangani tarehe 15 Desemba 1889. Maana yake 1307 ni mwaka wa mwisho wa vita. Anayeusoma utenzi ule kama wito wa kupigana amekosa mlango; ile ni sauti ya mtu anayetazama nyuma, moto umeshazimwa, na yeye bado anaishi mjini pamoja na washindi. Hilo peke yake ni makala nzima, na umelipata kwa kuzidisha na kujumlisha.

Hatua ya 3: Isimamishe siku ile

Ukishapata tarehe, jenga siku. Nani alikuwa anatawala, nani alikuwa anakusanya ushuru, bendera gani ilikuwa mlingotini? Bendera si pambo hapa. Sultani Khalifa wa Zanzibar alikuwa amewapa kampuni ya Wajerumani mamlaka ya kutoza ushuru wa Mrima, kuanzia Agosti 1888. Pangani walipelekewa afisa aitwaye Emil von Zelewski. Akataka bendera ya kampuni ipepee, akaikatisha nguzo ya bendera ya Sultani. Watu wa Pangani waliishi na habari za Wajerumani kwa miaka kadhaa bila kushika silaha. Mlingoti ule ulipoangushwa mambo yakageuka.

Mwanahistoria wa sanaa anapaswa kusimama hapo. Kitambaa na mti! Kama unadhani alama na picha ni mambo ya pembeni katika siasa, nenda Pangani, si mbali, kaa ufukweni ukitazama kivuko cha Bweni, uwaze kwa nini mlingoti ulikuwa na uzito kuliko mkataba.

Katika kujenga siku, sikiliza upande wa pili pia. Tanga ilikuwa na shule ya serikali ya Wajerumani tangu miaka ya 1890, na hapo hapo likatoka gazeti la Kiswahili, Kiongozi, kuanzia 1904. Waliokuwa wakiandika humo ni walimu na makarani wa Kiswahili, watu wa humu humu. Walikuwapo pia washairi waliomsifu mtawala mpya kwa lugha safi na mizani iliyotimia. Carl Velten alikusanya mashairi ya namna hiyo akayachapa 1907. Usiyaruke kwa kuwa yanakuudhi. Shairi la kusifu linakuonyesha mtawala alipenda kuambiwa nini, na kutoka hapo unajua mshairi asiyesifu alikuwa anakwepa nini.

Hatua ya 4: Soma maandishi kwa mkono wa fundi

Hatua hii ni ya wanaoshughulika na tenzi na mashairi. Wa kanga na ngoma wanaweza kuipita.

Ubeti wa utenzi una vipande vinne, kila kipande mizani nane. Hesabu. Hesabu kila kipande kwa vidole, hata kama msomi mkubwa ameshauhariri. Ukikuta mizani tisa au saba, kuna jambo: mnakili ameteleza, au msomaji wa mwisho amelisoma neno vibaya, au mtunzi mwenyewe alikuwa na lahaja yenye neno fupi zaidi. Mabadiliko ya kisiasa huacha alama hapo hapo. Mtu akitaka kufuta jina la mkubwa fulani na kutia lingine, ni nadra jina jipya kuwa na mizani sawa na la zamani.

Tatizo la pili ni herufi. Kiswahili kilipoandikwa kwa Kiarabu kwa mtindo wa zamani, herufi ya be ilibeba b, p na hata mb; kasra ilibeba i na e; dhumma ilibeba u na o. Kwa hiyo "penda" na "pinda" zaweza kuandikwa vile vile, na anayezihamisha kwenda herufi za Kirumi ndiye anayeamua. Fikiria mstari unaosema watu wamempenda gavana, au wamempinda. Ukiwa na mswada, usiufanye peke yako. Tafuta mwalimu wa chuo cha Kurani, yule aliyezoea hati za mkono, muusome kwa sauti pamoja. Sikio lake litashtuka mahali ambapo jicho lako limepita.

Hatua ya 5: Kaa na wazee

Hatua nyingine zote ni za kazi. Hii ni ya adabu, na adabu ikikosekana kazi haipo.

Nenda baada ya Alasiri. Asubuhi mtu yuko jikoni au sokoni. Usiende na fedha mkononi siku ya kwanza. Kilo ya sukari na majani ya chai vinasema vizuri zaidi. Siku ya kwanza usirekodi na usiulize siasa. Amkia, jitambulishe ni wa nani, ukoo gani, mtaa gani, ukubali kuulizwa maswali marefu kuliko utakayouliza. Tanga tunajulikana kwa utani wa waja leo waondoka leo. Mzee anataka kujua wewe ni wa aina gani.

Siku ya pili au ya tatu, simu ya kurekodia iweke wazi juu ya mkeka, useme ni ya nini, uulize: "Nikikuandika, nikuandike kwa jina lako au nikusitiri?" Jibu lake lirekodi. Akibadili nia mwaka ujao, ana haki.

Sasa maswali. Usimwulize mtu maana ya wimbo. Ukimwuliza maana atakupa ile ya heshima, ile anayompa mgeni: ni wimbo wa mapenzi tu, mwanangu. Mwulize mambo yenye mwili. Uliimbwa wapi mara ya kwanza? Nani alikuwa anapiga? Watu waliinuka kwenye mstari upi kwenda kutunza? Alitunza nani, na alimtazama nani akipita? Kwenye taarabu ya hapa kutunza ni kusema. Mwanamke anayeinuka na noti yake mstari unapotaja jirani mwenye choyo ameuchukua mstari ule na kuufanya wake, mbele ya watu wote, na jirani amesikia. Mtunzi akiulizwa atasema hakumlenga mtu. Kweli, hakumlenga. Waliomaliza kazi ni wasikilizaji.

Nimewahi kupata mazungumzo haya, nayaandika karibu neno kwa neno:

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Umerudi na kile kidude chako?"

"Nimerudi nacho. Ule wimbo wa juzi, bibi, watu walitunza kwenye beti gani?"

"Beti ya tatu. Beti ya tatu ukumbi wote ulisimama."

"Kwa nini ya tatu?"

"Kwa kuwa mwenyewe alikuwa amekaa mbele, na shati lake jeupe."

"Mwenyewe nani?"

"Aa. Hilo huliandiki." Akacheka mpaka akashika kifua.

Sikuliandika. Lakini nilijua kuna mkubwa wa chama aliyekaa mbele, na nikajua beti ya kutazama.

Tanga ni mji wa taarabu hasa. Black Star Musical Club na wenzao Lucky Star waliibadili taarabu ya bara kuanzia hapa, wakaileta karibu na dansi, na waimbaji kama Shakila binti Said walitokea kwenye vikundi hivi. Dansi nayo ilikuwapo, Atomic Jazz na Jamhuri Jazz. Wazee waliokuwa kumbini zama zile bado wapo Ngamiani, Makorora na Msambweni, lakini kila mwaka wanapungua. Kama una wiki moja tu ya kufanya utafiti, itumie hapa. Karatasi zinaweza kungoja kidogo.

Usiwasahau watu wa ngoma. Beni iliingia kutoka pwani ya kaskazini kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, ikagawanyika Marini na Arinoti, kila upande na vyeo vyake, sare zake na tarumbeta zake, wakishindana kuwakejeli na kuwaiga wazungu kwa pumzi moja. Waingereza walipoichukua nchi walizitilia shaka ngoma hizi, wakadhani ni chama cha siri. Na ngoma za kina mama zilifika mbali zaidi ya kejeli. Bibi Titi Mohamed, kabla ya kuwa kiongozi wa wanawake wa TANU mwaka 1955, alikuwa mwimbaji wa kikundi cha ngoma Dar es Salaam, na njia alizozitumia kuwafikia wanawake zilikuwa zile zile za vikundi: kiongozi wa ngoma akikubali, wenzake wanakuja. Kwa hiyo ukimkuta bibi aliyekuwa na cheo kwenye lelemama, ngoma ya kina mama, mwulize kuhusu mikutano pia.

Hatua ya 6: Nenda kwenye karatasi

Tanga yenyewe una maktaba ya mkoa, ile iliyojengwa enzi za Waingereza na kupewa jina la Mfalme George wa Sita, na kuna makumbusho ya Urithi kwenye boma la zamani. Anza hapo, tazama picha za zamani za mji, uzoee sura zake. Mafaili mazito yako Dar es Salaam. Nyaraka za Taifa zina mafaili ya Wajerumani na ya sekretarieti ya Waingereza. Maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ina chumba cha Afrika Mashariki, na chuoni hapo hapo kuna hazina ya miswada ya Kiswahili iliyokusanywa pwani. Kabla ya kupanda basi, uliza barua gani zinatakiwa na kibali gani, kwa simu, na uulize mara mbili, kwa watu wawili.

Kwenye mafaili, usitafute neno "sanaa". Karani wa kikoloni hakuijua kwa jina hilo. Tafuta ngoma, vibali vya mikusanyiko, kelele za usiku, vyama vya wenyeji, ripoti za polisi. Nyimbo nzuri kuliko zote nilizowahi kuziona kwenye karatasi zilinakiliwa na polisi aliyetumwa kusikiliza, naye alikuwa na sikio zuri kuliko washairi wengi.

Magazeti yasome kwa mfululizo, si kwa kurukia tarehe kubwa. Mambo Leo lilianza 1923 na lilikuwa la serikali, lakini ukurasa wa mashairi ulikuwa uwanja. Kwetu la Erica Fiah lilianza 1937 na ulimi wake ulikuwa mkali. Sauti ya TANU ilimfikisha Mwalimu Nyerere mahakamani mwaka 1958, akatozwa faini ya shilingi 3,000 kwa kukashifu.

Ofisi ndogo ndogo zina mambo yake. Kuna moja, sitaitaja, niliyoambiwa mafaili ya zamani yameuzwa kwa mama wa maandazi. Nilimfuata yule mama. Nilinunua maandazi manne, nikayala, nikasoma kilichokuwa kimeyafunga: orodha ya vibarua wa shamba la mkonge, upande mmoja tu, mafuta yamepenya.

Hatua ya 7: Fumbo lifumbue polepole

Sasa ndiyo uruhusiwe kusema maana. Mimi hutaka mashahidi watatu: mtunzi alisema nini au alifanya nini maishani, wasikilizaji waliichukuaje, na mtawala aliitikiaje. Wawili wakikubaliana, andika kwa kujiamini. Mmoja tu akiwapo, andika "huenda" na uendelee na maisha.

Mfano ni mtu wetu mwenyewe, Shaaban Robert, aliyezaliwa Vibambani tarehe 1 Januari 1909. Kusadikika, kitabu chake cha 1951, ni nchi inayoelea angani, yenye mashtaka dhidi ya kijana aliyethubutu kufundisha sheria. Kila mwalimu wa sekondari atakuambia ni kukosoa ukoloni, na sidhani kama amekosea. Lakini mwandishi yule yule alikuwa mtumishi wa serikali, karani wa forodha, kwa miaka mingi, alipewa nishani ya MBE ya Uingereza, na alitunga utenzi mrefu kuhusu Vita Kuu ya Pili akiwa upande wa waliopigana na Hitler. Kuna wanaomvisha gwanda la mpigania uhuru na kuna wanaomwita kibaraka. Wote wawili wameshindwa kumtazama. Karani wa forodha anajua namna ya kupitisha mzigo bila kufungua boksi; andika hilo, na uonyeshe boksi.

Kuna mtego mwingine baada ya 1967. Azimio la Arusha lilipopita, serikali yenyewe ikaanza kusema mapinduzi. Mshairi Mathias Mnyampala ndiye anayetajwa kuwa mwanzilishi wa ngonjera, na shule zikaghani ngonjera za siasa ya Ujamaa. Mashamba mengi ya mkonge ya Tanga yalitaifishwa, na vikundi vikaimba kuyasifu. Je, hiyo ni sanaa ya kimapinduzi? Sijui kama neno hilo linasaidia tena likishaingia kwenye barua za ofisi. Mimi naliacha, naandika badala yake nani aliagiza wimbo, nani alilipa nauli ya kikundi, na kama kulikuwa na beti iliyoachwa siku mkubwa alipokuwapo.

Hatua ya 8: Tazama nje, kisha rudi

Kulinganisha kunasaidia kama kitu cha pili kina undugu wa kweli na cha kwanza. Gustave Courbet, mchoraji Mfaransa, alihukumiwa kwa kuhusishwa na kuangushwa kwa nguzo ya Vendôme mjini Paris mwaka 1871. Akafungwa miezi sita, baadaye akaamriwa kulipa gharama za kuijenga upya, zaidi ya faranga 323,000, na akafa 1877 uhamishoni Uswisi. Ni hadithi nzuri, lakini uhusiano wake na Tanga ni wa mbali. Mimi ningechagua sanamu ya Wissmann.

Hermann von Wissmann ndiye aliyevimaliza vita vya Abushiri. Mwaka 1909 akasimamishiwa sanamu Dar es Salaam: yeye juu, askari Mwafrika chini akimtazama, simba na bendera miguuni. Waingereza walipoichukua nchi wakaiondoa. Wajerumani wakaipata tena, wakaisimamisha mbele ya Chuo Kikuu cha Hamburg mwaka 1922. Wanafunzi wa Hamburg wakaiangusha 1967, ikarudishwa, wakaiangusha tena 1968. Sasa weka kando utenzi wa Hemedi. Vita vile vile, kazi mbili za sanaa. Ya shaba iliangushwa zaidi ya mara moja. Ya wino ilinakiliwa kwa mkono, ikasomwa barazani, ikafika kitabuni. Mlinganisho wa namna hii una kazi ya kufanya kwenye makala yako. Ule wa Courbet ungeweka pambo tu.

Hatua ya 9: Andika, kisha rudisha

Anza na kitu, yaani ule ukurasa wa karani wa hatua ya kwanza. Msomaji akione kwanza. Tarehe iingie mapema na namna ulivyoipata ionekane, ili mwenye chapa nyingine ya pindo aweze kukukosoa. Maneno ya wazee yaweke kama walivyoyasema, na lahaja yao, na "aa, hilo huliandiki" zao. Futa kila "ya kimapinduzi", "ya kishujaa" na "mahiri" uliyoitia kwa kujisikia vizuri. Usipige picha ya mswada wa mtu ukaitoa bila ruhusa yake. Karatasi zile mara nyingi ndizo urithi pekee alioachiwa.

Na ukimaliza, peleka nakala iliyochapwa nyumbani kwa waliokusaidia, uwasomee. Mimi niliirudia ile habari ya kanga, nikaandika upya kwamba ni ya Urafiki, ya mwisho wa miaka ya 1960 au baadaye, na kwamba subira yake haikuwa ya kungoja uhuru. Nikamsomea shangazi mpaka mwisho. Akasikiliza vizuri, akaniambia nisome tena pale kwenye mwaka.

"Basi ndiyo hiyo," akasema. "Tulipewa siku ya maandamano, sote sare. Sukari dukani hakuna, ndiyo wakatuandikia subira."

Nimefungua faili jipya.